Serikali kumkatia rufaa afisa wake: maana yake nini?

Nchini India, nyumba ya serikali ikikaliwa na mtu asiye na kibali, au ambaye kibali chake kimekwisha, serikali haianzii mahakamani. Sheria ya mwaka 1971 ya kuwaondoa wanaokalia majengo ya umma bila idhini imemwachia kazi hiyo Afisa Milki. Yeye ndiye hutoa ilani, humsikiliza aliyemo ndani, hupokea ushahidi, kisha huamua. Naye ni mtumishi wa upande uleule unaoidai nyumba. Sheria hiyo haiishii kwenye wizara tu, inagusa hata mashirika na benki za umma.

Sasa tuseme afisa amesikiliza pande zote akaona huyu mtu yumo kihalali, haondoki. Je, serikali inaweza kukata rufaa?

Kwa mara ya kwanza swali hili huonekana la ajabu, kwa kuwa hakuna anayejikatia rufaa mwenyewe. Ugumu unatokana na kudhani kwamba afisa na serikali ni kitu kimoja wakati wote. Anapoandika barua za ofisi, ni mkono wa serikali. Anapoketi kusikiliza shauri, sheria imempa mamlaka mengine: kifungu cha 8 kinamruhusu kuita mashahidi na kudai nyaraka kama mahakama ya madai, kwa kufuata Kanuni ya Mwenendo wa Madai ya 1908. (Mwanasheria wa Tanzania ataitambua Kanuni hiyo, sheria yao ya mwenendo wa madai ya 1966 ilitokana nayo.) Mbele ya afisa huyo, idara inayodai nyumba ni mdai kama mdai mwingine. Mwaka 2007, katika kesi ya New India Assurance dhidi ya Nusli Neville Wadia, Mahakama ya Juu ya India ilisisitiza kwamba haitoshi taasisi ya umma kusema inataka jengo lake. Nayo ilete ushahidi, na ipimwe kwa haki.

Kwa hiyo serikali ikishindwa mbele ya afisa wake, imeshindwa kweli. Mshahara analipwa nayo, lakini uamuzi si mali yake.

Hata hivyo, rufaa haitokani na manung'uniko. Hutoka kwenye sheria, na lazima usome maneno yake. Kifungu cha 9 kinasema rufaa ipo dhidi ya kila amri ya Afisa Milki iliyotolewa chini ya vifungu kinavyovitaja, nayo huenda kwa jaji wa wilaya au ofisa wa mahakama atakayemteua. Muda ni mfupi, siku 12. Kifungu hakisemi kwamba mrufani awe mkaaji peke yake. Ndiyo maana kwenye kodi ya nyumba na fidia ya kukaa bila idhini sioni ugumu: afisa akikadiria fidia ndogo kuliko ile serikali iliyodai, amri ya kifungu cha 7 ipo mezani, na upande wowote uliopungukiwa unaweza kwenda nayo kwa jaji.

Penye utata ni pale afisa anapokataa kabisa kumwondoa mkaaji. Kifungu cha 5 kinazungumzia amri ya kuondoa. Afisa asipoitoa, kuna hoja kwamba hakuna amri ya kukatia rufaa, na serikali imebaki na njia ya Mahakama Kuu chini ya Katiba, ibara ya 226 na 227, ambako jaji hutazama zaidi kama mamlaka yalitumiwa sawasawa kuliko kuanza kupima ushahidi upya. Hoja ya upande wa pili ni kwamba kukataa baada ya kusikiliza pia ni kuamua, na uamuzi huo umetolewa chini ya kifungu hichohicho.

Mimi naegemea upande huu wa pili, na si kwa kuionea huruma serikali. Namfikiria mkaaji. Serikali ikifungiwa mlango wa rufaa, hamu ya kuipata nyumba haitaondoka. Itatafuta pa kupenya: simu ya mkubwa kwa afisa, uhamisho wa ghafla, au ilani mpya kwa madai yaleyale mbele ya afisa mwingine anayesikia vizuri anachotakiwa kusema. Mkaaji hana pa kuihojia simu. Lakini rufaa ikikatwa, anapata nakala ya sababu, anamleta wakili wake, na jaji ambaye hana bosi wizarani anasoma jalada lote. Idara inayolazimika kupanda ngazi za mahakama ili kuubatilisha uamuzi inakuwa imekubali, kwa kitendo chake, kwamba haina uwezo wa kuufuta kwa kalamu nyekundu ofisini.