Barua ya uhamisho: yanayosemwa stendi na sheria inavyosema

Pale stendi ya Nanenane, Dodoma, dereva au karani wa tiketi akipewa barua ya kuhamia Singida au Tabora, washauri hawakosekani. Ushauri mwingi unampoteza.

Unaoumiza kuliko wote ni huu: "Usiripoti, kaa nyumbani, watakutafuta wenyewe." Hawakutafuti, wanahesabu siku. Kanuni za Utendaji Bora za mwaka 2007, zinazoongoza mambo ya ajira, zinataja kutokuwepo kazini zaidi ya siku tano za kazi, bila ruhusa wala sababu ya msingi, kuwa kosa linaloweza kukuachisha kazi. Hapo kesi imegeuka: ulikuwa unalalamikia uhamisho, sasa unajitetea kwa utoro. Pinga kwa barua. Eleza sababu zako, iwe mgonjwa unayemuuguza au mkataba unaotaja Dodoma, na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Nakala hiyo usimwachie mtu yeyote.

Wengine husema mwajiri anakupeleka popote apendapo. Tusidanganyane, haki ya kupanga watu wake anayo. Ila kifungu cha 15 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 kinamtaka aandike mahali pa kazi, na maelezo hayo yakibadilika ashauriane na mfanyakazi, kisha amjulishe kwa maandishi. Basi soma mkataba kwanza. Kama ulisaini kufanya kazi kituo chochote nchini, hoja ya mahali ni dhaifu, nawe utajenga kesi juu ya utaratibu: je, ulishirikishwa? Ulipewa muda wa kujiandaa? Au ni adhabu iliyovikwa jina la uhamisho?

"Sina mkataba wa maandishi, sina kesi." Makondakta wengi wanaamini hivyo na kunyamaza, na inasikitisha, kwa sababu kifungu hichohicho kinasema kinyume: mwajiri akishindwa kuleta maandishi, mzigo wa kuthibitisha sharti linalobishaniwa ni wake.

Halafu kuna suala la wapi pa kuanzia. Wa kampuni binafsi ya mabasi anakwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, ndani ya siku 60 tangu mgogoro uanze. Kama ameshaachishwa kazi, ana siku 30 tu. Mazungumzo ya simu na bosi hayasimamishi siku hizo. Aliyechelewa lazima aombe kuongezewa muda na atoe sababu za kutosha. Lakini wa shirika la umma, mathalani Shirika la Reli, ni mtumishi wa umma. Tangu marekebisho ya mwaka 2016, kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma kinamtaka amalize kwanza ngazi za rufaa na malalamiko za utumishi wa umma. Akikimbilia CMA moja kwa moja, atawekewa pingamizi la mamlaka, yaani kwamba CMA haina uwezo wa kusikiliza shauri lake kwa hatua hiyo, na hoja yake hata ikiwa nzuri haitasikilizwa.

Na wakili si lazima. Mbele ya CMA unaweza kujisimamia, au ukawakilishwa na kiongozi wa chama chako cha wafanyakazi, kama COTWU, au na mtu uliyemchagua mwenyewe.