"Mataifa Hayana Maadili, Yana Maslahi Tu": Naomba Tuiache Kauli Hii

Nimeisikia tena, safari hii kutoka kwa kijana mwenye shahada yake, mwajiriwa wa asasi inayohudumia kambi za wakimbizi za huku kwetu. Tulikuwa tunajadili kurejeshwa kwa Warundi, hoja zimeanza kunoga, yeye akamaliza kila kitu kwa sentensi moja: "Mwalimu, mataifa hayana maadili, yana maslahi tu." Wenzake wakaitikia kwa vichwa na mjadala ukafa. Kinachoniudhi ni kwamba kauli hii haijawahi kufungua hoja mbele yangu hata siku moja. Kazi yake ni kuifunga, na anayeitamka huonekana ndiye aliyeijua dunia.

Nafundisha uhusiano wa kimataifa hapa Kigoma, na wengi wa wanafunzi wangu ni watu wa kazi za wakimbizi: Nyarugusu, Nduta, ofisi za mjini. Katika watu wote, hao ndio nisingependa kabisa waiamini, maana ndio wanaokaa meza moja na mama anayeulizwa kama yuko tayari kurudi kwao.

Kauli yenyewe hupambwa kwa ukale. Huletwa Thucydides, mwanahistoria wa Ugiriki ya kale: mwaka 416 kabla ya Kristo, Waathene waliwaambia watu wa kisiwa cha Melos kwamba wenye nguvu hufanya wawezalo na wanyonge huvumilia. Melos ikagoma, wanaume wakauawa, wanawake na watoto wakauzwa utumwani. Wanaoipenda habari hii huishia hapo. Thucydides hakuishia hapo. Kinachofuata katika simulizi yake ni msafara wa Sicily: mwaka 415 Athens ilipeleka jeshi kubwa kuteka kisiwa ambacho wengi wa raia wake hawakujua hata ukubwa wake, na kufikia 413 jeshi lile lilikuwa limeangamia. Mji uliojiaminisha kwamba haki haina uzito ulishindwa pia kupima maslahi yake wenyewe. Na Morgenthau, ambaye wanafunzi humtaja kama baba wa siasa za nguvu, alisimama hadharani kuipinga vita ya Marekani kule Vietnam.

Badala ya kauli ile mimi nafundisha tanzia, na kwenye fani yetu neno hili lina maana nyembamba kuliko huzuni. Haki mbili za kweli zinagongana, huwezi kuzitimiza zote, na hata ukichagua vizuri, ile uliyoiacha haifutiki. Mdogo wako amekuachia ng'ombe wake umtunzie, ukamuuza ili mama apelekwe hospitali: umefanya sawa, na ng'ombe bado unadaiwa. Anayesema "maslahi tu" hana daftari la kuandikia deni hilo. Anayedhani maadili ni kuwa na mikono misafi naye hana, kwa sababu haamini kwamba mtu anaweza kufanya sawa na akabaki mdaiwa.

Chukueni vikwazo dhidi ya Burundi, kwa kuwa vilipita mlangoni petu. Tarehe 25 Julai 1996 Meja Pierre Buyoya alitwaa madaraka Bujumbura kwa mapinduzi. Tarehe 31 Julai viongozi wa kanda walikuwa Arusha, Mwalimu Nyerere akiwa msuluhishi, wakaamua kuifungia Burundi biashara. Burundi haina bahari. Mzigo wake mwingi ulikuwa unashushwa Dar es Salaam, unapanda mabehewa ya Reli ya Kati, unafika hapa Kigoma, unahamishiwa kwenye meli na matishari kwenda Bujumbura. Uamuzi ulisomwa Arusha, lakini mahali pa kuutekeleza palikuwa hapa gatini. Treni na bandari tulizipunguzia kazi wenyewe, na mapato yake.

Mtu wa maslahi atasema: tuliogopa wakimbizi. Ndiyo, tuliogopa, na tulikuwa na haki ya kuogopa. Sikatai kwamba maslahi yalikuwepo. Nakataa kwamba yalikuwa peke yake. Rais Melchior Ndadaye, aliyechaguliwa kwa kura Juni 1993, aliuawa na wanajeshi Oktoba ya mwaka huo huo. Kuacha mapinduzi mengine yapite kimya baada ya hapo kulikuwa ni kuwaambia Warundi kwamba kura yao haina thamani kwa jirani. Hiyo ni haki ya kwanza.

Haki ya pili ni ya mkulima wa Makamba, kusini mwa Burundi, ambaye hakumpindua mtu. Huyo chumvi ilimpanda bei, sabuni ikampanda bei, mafuta ya taa ndiyo usiseme. Wenye bunduki na wenye fedha walipata petroli ya magendo. Kila anayejua ziwa hili anajua kwamba mstari wa mpaka hauonekani usiku, na kwamba Mha wa huku Kigoma na Mrundi wakikutana majini hawahitaji mkalimani. Kwa hiyo mzigo wa vikwazo ulishuka ngazi kwa ngazi hadi ukamfikia asiye na boti. Viongozi wenyewe waliliona: mwaka 1997 walilegeza kwa chakula, pembejeo za kilimo na vifaa vya shule. Januari 1999 wakasitisha vyote. Mkataba wa amani ulitiwa saini Arusha tarehe 28 Agosti 2000, Mwalimu akiwa ameshafariki na Mandela ameshika nafasi yake.

Je, vikwazo ndivyo vilivyoleta mkataba? Septemba 1996, vikwazo vikiwa vichanga, Buyoya alirudisha Bunge na vyama vya siasa, na hilo naliona kama tunda la vikwazo. Miaka miwili na ushee iliyofuata sina uhakika nayo. Kuna siku nikiwaza nafikiri tulipaswa kuvitoa mapema zaidi, na kuna siku nafikiri kuvitoa mapema kungewaangusha waliokuwa wamehatarisha maisha kuja mezani. Vitabu vya kozi havisemi hivyo, vinatoa alama ya kufaulu au kufeli. Ninachokishikilia ni kwamba kufaulu kwa vikwazo, kama vilifaulu, hakumlipi yule mkulima.

Sasa nije kwenye jambo linalonikera kuliko kauli ya yule kijana, na linatoka kwa watu wenye mioyo mizuri. Wakishajifunza habari ya tanzia, kila kitu kwao kinakuwa tanzia. Rwanda 1994: "tanzia ya jumuiya ya kimataifa." Hapana. Tarehe 11 Januari 1994 Jenerali Dallaire, kamanda wa kikosi cha Umoja wa Mataifa nchini Rwanda, alituma makao makuu New York taarifa kuhusu silaha zilizofichwa Kigali na mipango ya kuua Watutsi. Tarehe 21 Aprili, mauaji yakiwa yamechachamaa, Baraza la Usalama liliamua kukipunguza kikosi chake hadi watu wapatao 270. Ni haki gani nyingine, yenye uzito wa kulingana, iliyokuwa kwenye sahani ya pili ya mizani? Marekani ilikuwa imepoteza askari 18 Mogadishu Oktoba 1993 na haikutaka habari nyingine ya namna hiyo. Ubelgiji ilikuwa imepoteza askari wake 10 Kigali tarehe 7 Aprili. Uchungu wa familia zile ni wa kweli, lakini hauwezi kuwekwa sawa na watu wanaokadiriwa kufikia 800,000. Ile ilikuwa hatia. Kuiita tanzia ni kumpa mkosaji mavazi ya mfiwa, na wakubwa wa dunia wanayapenda mavazi hayo. Hii ndiyo hofu yangu kubwa na fani yangu mwenyewe: tukifundisha tanzia bila kufundisha tofauti hii, tunawatengenezea udhuru.

Na matukio mengi si tanzia tupu wala hatia tupu. Mfano ni Desemba 1996, kwa jirani zetu wa Ngara, mpakani na Rwanda. Mwishoni mwa Aprili 1994 Wanyarwanda wanaokadiriwa kufika 250,000 walivuka daraja la Rusumo kwa takriban siku moja, na Tanzania iliwapokea. Miaka miwili na nusu baadaye, kambi za wenzao kule Zaire (Kongo ya sasa) zikiwa zimevunjwa kwa vita, serikali yetu na UNHCR, shirika la Umoja wa Mataifa la wakimbizi, zilitoa tamko la pamoja tarehe 5 Desemba: Wanyarwanda wote walioko nchini wanatarajiwa kuwa wamerudi ifikapo 31 Desemba. Maelfu walitoka kambini wakaelekea mashariki, ndani zaidi ya Tanzania, na vyombo vya dola vikawageuza kuelekea darajani. Karibu nusu milioni walivuka. Mkataba wa wakimbizi wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika (OAU) wa 1969, tulioutia saini sisi wenyewe, unasema katika ibara ya 5 kwamba kurudi ni kwa hiari na hakuna atakayerudishwa asipotaka.

Hapo mgongano ulikuwa wa kweli. Ndani ya kambi zile walikuwemo waliopanga mauaji, walikuwa na sauti juu ya wengine, na walizuia watu kurudi kwa vitisho. Hiari yenyewe ilikuwa imetekwa. Wenyeji wa Ngara misitu yao ilikuwa imekatwa kuni ikaisha. Lakini tarehe 31 Desemba haikulazimishwa na mizani yoyote. Siku 26 hazitoshi kumhoji nusu ya nusu ya watu hao, kumtenga muuaji na mjane asiye na hatia. Kufunga kambi ilikuwa tanzia, ile haraka haikuwa. Nawaomba wanafunzi wangu wajizoeze kulikata tukio moja vipande namna hii, na ndiyo kazi wanayoichoka haraka kuliko zote, kwa sababu haina sentensi moja ya kushangiliwa.

Mwalimu mwenyewe aliishi ndani ya mgongano huu. Julai 1964, Cairo, ndiye aliyetoa hoja kwamba nchi za Afrika ziheshimu mipaka iliyoachwa na wakoloni. Aprili 1968 akaitambua Biafra, jimbo lililokuwa limejitenga na Nigeria. Wanaomwita mnafiki hawajamsoma, wanaomsifu bila kuuliza nao hawajamsoma. Aliona kwamba mpaka upo kwa ajili ya watu, na watu wale walikuwa wanauawa. Je, kuitambua kuliirefusha vita na njaa hadi Januari 1970? Nafikiri inawezekana, na nafikiri bado alikuwa na sababu. Nina mashaka hayo yote mawili kwa wakati mmoja na sioni aibu.

Nirudi kwenye Warundi, maana ndiko tulikoanzia. Mwaka 2015 walikimbia tena kwao wakajazana Kagunga, kijiji cha wavuvi cha mkoa wetu chenye ufukwe mwembamba na mlima mgongoni. MV Liemba haikuwa na pa kufunga gati, ikatia nanga mbali kidogo, na watu wakapelekwa kwa boti ndogo, mmoja baada ya mwingine, huku kipindupindu kimeshaingia na baadaye kikaua zaidi ya watu 30. Mkoa huu uliwapokea. Mwaka 2017 mgao wa chakula kambini ukapunguzwa, na mwaka huo huo safari za kurudi kwa hiari zikaanza.

Kijana wangu, hapo ndipo kauli yako inapofanya madhara. Fomu ya kurejea kwa hiari inajazwa na wewe. Mama akikwambia anarudi kwa sababu watoto hawashibi, usiandike "hali ya usalama nyumbani imeimarika". Andika alichokisema, kwa maneno yake. Mwambie unachokijua kuhusu wilaya anayokwenda, na usimfiche usichokijua. Tanzania inaweza kuwa na sababu nzuri za kutaka kambi zipungue: vijiji vya Makere, jirani na kambi ya Nyarugusu, vimebeba mzigo huu tangu 1996, na si haki kuwaambia waendelee milele. Lakini kama anarudi kwa njaa, karatasi iseme njaa, ili siku atakapobisha hodi tena mpakani asiambiwe kwamba aliondoka kwa kupenda kwake.