Antonio Pinto na muziki wa filamu: yanayosemwa na yaliyo kweli

Dhana: Mtunzi wa muziki wa filamu kutoka Brazil kazi yake ni mitindo ya kwao, samba na bossa nova.

Ukweli: Pinto, mzaliwa wa Rio de Janeiro mwaka 1967 na mtoto wa mchora vibonzo Ziraldo, alijulikana kwa Central do Brasil (1998) ya Walter Salles, aliyoitungia muziki pamoja na mpiga chelo Jaques Morelenbaum. Safari ya mama na mtoto asiye wake kwenda kaskazini-mashariki imebebwa na piano na ala za nyuzi.

Dhana: Nyimbo zote za filamu ya Cidade de Deus (2002) ni za Pinto.

Ukweli: Nyimbo za wanamuziki Cartola, Tim Maia, Wilson Simonal na Raul Seixas mle ndani ni rekodi za zamani. Kila rekodi huombewa vibali viwili, cha utunzi na cha rekodi yenyewe; kikikosekana kimoja, wimbo unaondolewa. Pinto na Ed Côrtes walitunga muziki unaopita katikati ya nyimbo hizo kwa ladha ileile ya miaka ya 1970, ndiyo sababu wengi hawatambui kipi ni kipi.

Dhana: Picha ikishakatwa, mtunzi anaweka muziki na kuondoka.

Ukweli: Laiti! Mwongozaji na mtunzi huanza kwa kutazama filamu pamoja na kuandika muziki uingie wapi na utoke wapi. Kisha mhariri anaendelea kukata. Tuseme kipande cha sekunde 30 kimetungwa kwa kasi ya biti (mapigo ya muziki) 120 kwa dakika, yaani kina biti 60. Mhariri akipunguza sekunde 1.5, zimeondoka fremu 36 (picha 24 kwa kila sekunde), ambazo ni biti tatu, na mpigo uliolenga mlango kufungwa unagonga mlango ukiwa umeshafungwa. Hapo unachagua: toa biti tatu mahali sikio halitashtuka, au pandisha kasi hadi biti 126.3 hivi kwa dakika. Njia ya pili ni rahisi kwenye kompyuta, ila huharibu sehemu ya huzuni kwa kuifanya ionekane ina haraka.

Dhana: Filamu ya hali halisi (documentary) haihitaji muziki mwingi.

Ukweli: Senna (2010) ya Asif Kapadia, kuhusu dereva wa mbio za magari Ayrton Senna, ambayo Pinto aliitungia muziki, imejengwa kwa picha za zamani, na wanaohojiwa husikika bila kuonekana. Muziki ndio unaounganisha vipande vya kamera tofauti, huku ukiachia nafasi sauti za watu na ngurumo za injini. Kapadia alimrudia Pinto kwa Amy (2015) na Diego Maradona (2019). Mwongozaji Andrew Niccol naye alimtumia kwenye Lord of War (2005), akamwita tena kwa The Host (2013). Kwa maoni yetu, simu ya pili ya mwongozaji hupima mtunzi kuliko tuzo: Cidade de Deus iliteuliwa kuwania Oscar nne, hakuna hata moja ya muziki.

Dhana: Kila tiketi ikiuzwa, mtunzi anapata chake.

Ukweli: Inategemea nchi. Brazil, ECAD, shirika linalokusanya malipo ya haki za muziki, hudai malipo hata kwa kumbi za sinema. Marekani kumbi hazilipi mirabaha (malipo ya mtunzi kila kazi yake inapotumika) ya maonyesho. Pesa huja filamu ikirushwa kwenye televisheni, na hapo orodha ya vipande vya muziki iwe imejazwa sawasawa, jina na sekunde zake.