Andreas Dresen na kamera inayosubiri: dhana potofu na ukweli

"Wajerumani hawajui kuchekesha." Anayesema hivi hajaiona filamu ya Halbe Treppe ya mwaka 2002. Dresen, mwongozaji wa filamu mzaliwa wa Gera, Ujerumani Mashariki ya zamani, aliipiga Frankfurt (Oder), mji ulio mpakani na Poland. Ni habari ya ndoa mbili zilizochoka. Mume mmoja ana kibanda cha chakula; mwingine ni mtangazaji anayewasomea wasikilizaji nyota zao redioni. Kasuku mdogo wa mwenye kibanda, Hans-Peter, anatoroka nyumbani, na bwana huyo anahangaika kumtafuta. Unacheka, lakini unamwonea huruma mtu huyo, kwa sababu unaona wazi kwamba kilichomponyoka si ndege peke yake. Filamu hiyo ilipata Dubu wa Fedha, tuzo kuu ya majaji wa tamasha la Berlin.

Wengine husema filamu isiyo na muswada ni kazi ya kubahatisha. Kweli, waigizaji wanne wa Halbe Treppe hawakupewa mazungumzo ya kukariri. Waliyatunga papo hapo mbele ya kamera. Ila jaribu wewe kutunga ugomvi wa mke na mume bila kujua mke huyo anaamka saa ngapi, anachukia nini, aliacha lini kumuuliza mumewe habari za kazi! Mwigizaji lazima awe na maisha yote hayo kichwani. Ndiyo maana ndani ya filamu wahusika wanaongea na kamera kama wanaohojiwa, na hawayumbi. Kwa maoni yangu, kazi hapa ni nzito kuliko kukariri.

Wapo pia wanaodhani Dresen aliachana na filamu za hali halisi alipopata jina kwenye filamu za kuigiza. Hakuachana nazo. Na hata katika Halt auf freier Strecke (2011), ya kuigiza kabisa, daktari anayemweleza mgonjwa kwamba ana uvimbe kwenye ubongo ni daktari kweli.

Dhana inayoniuma zaidi ni kwamba katika filamu moja ya hali halisi Dresen alimfuata mwanasiasa Henryk Wichmann kwa kamera ili amdhihaki. Kijana huyo aligombea ubunge mwaka 2002 kwa tiketi ya CDU, chama cha kihafidhina, huko Uckermark, kaskazini-mashariki mwa Ujerumani, ambako chama chake hakikuwa na nguvu. Tunamwona barabarani akigawa kalamu na vipeperushi, na wapita njia wengi hawasimami. Hakuna sauti ya msimulizi inayotuambia tumcheke. Kamera inakaa naye tu, mpaka aibu ya kukataliwa inakuwa yetu pia. Alishindwa uchaguzi ule. Baadaye aliingia bunge la jimbo la Brandenburg, na mwaka 2012 ikatoka filamu ya pili: Dresen yuleyule, Wichmann yuleyule, safari hii akiwa mbunge wa safu ya tatu, yaani mbunge wa kawaida tu. Mtu aliyedhihakiwa mara ya kwanza hafungui mlango mara ya pili.