Jina la mradi katika muziki wa house: kwa nini watu wawili wa Uholanzi walikuwa na majina chungu nzima

Msikilizaji wa Bongo Fleva amezoea msanii mmoja kuwa na a.k.a. nyingi. Diamond Platnumz ni Simba, ni Chibu Dangote, na kila jina linamrudisha kwa mtu yuleyule. Kwenye muziki wa house, yaani muziki wa kucheza klabuni unaotengenezwa kwa mashine, mambo yako kinyume. Jina la mradi ni jina ambalo mtayarishaji anaipa kazi yake fulani, au aina fulani ya mdundo wake, ili isimame peke yake bila kutegemea yeye ni nani. Akibadilisha mdundo, anabadilisha na jina.

Mfano bora ninaoujua ni wa René ter Horst na Gaston Steenkist, Waholanzi wawili ambao leo wengi wanawaita Chocolate Puma. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 walijulikana kama DJ Zki na DJ Dobre. Kwa jina la The Good Men wakatoa "Give It Up", wimbo ambao karibu wote ni ngoma: mapigo ya batukada, yaani ngoma za kundi za samba, yaliyokatwa kutoka "Fanfarra" ya Mbrazili Sérgio Mendes, yakarudiwa na kurundikwa mpaka sakafu ya klabu inatikisika. Mwaka 1993 ulifika namba 5 kwenye chati ya Uingereza, na Marekani ukashika namba 1 kwenye chati ya nyimbo za klabu. Miaka miwili baadaye bendi ya Uingereza Simply Red walizichukua ngoma hizo wakajengea juu yake "Fairground", wimbo wao pekee uliowahi kuongoza chati ya Uingereza. Mamilioni ya watu wameisikia kazi ya Waholanzi hawa redioni bila kujua kwamba watu hao wapo.

Kisha wakaendelea kubadilisha majina. Jark Prongo, Tomba Vira, Riva, Chocolate Puma, na mengine mengi. Mwaka 2001 ndio unaoonyesha jambo hili waziwazi kuliko mwingine wowote. Mapema mwaka huo "I Wanna Be U" ya Chocolate Puma iliingia namba 6 Uingereza. Kabla mwaka haujaisha, mdundo mwingine wao mtupu usio na maneno, "Stringer", uliotoka kwa jina la Riva, uliongezwa sauti ya mwimbaji Dannii Minogue ukawa "Who Do You Love Now?" na kufika namba 3. Mnunuzi wa kawaida aliona makundi mawili tofauti. Studio ilikuwa moja.

Ili kuelewa sababu, inabidi kukumbuka house ilivyouzwa. Muziki huu ulizaliwa kwenye klabu za Chicago mwanzoni mwa miaka ya 1980, ukavuka bahari, na mwishoni mwa muongo huo ulikuwa umeshika Amsterdam, hasa klabu ya RoXY iliyofunguliwa mwaka 1987. Bidhaa yake kuu ilikuwa santuri ya inchi 12, na mnunuzi mkuu alikuwa DJ. Mara nyingi santuri hiyo haikuwa na picha ya msanii wala jina la mwimbaji maarufu. Wakati mwingine karatasi ya katikati yake ilikuwa nyeupe tupu. DJ aliiweka kwenye mashine dukani, akasikiliza dakika moja, akaamua. Usiku, anayecheza hakuona jina lolote.

Katika soko la namna hiyo jina lilifanya kazi ya alama ya ladha. DJ aliyenunua Jark Prongo alitaka mdundo mzito wa usiku wa manane. Angepewa wimbo laini wenye sauti ya kuimba chini ya jina lilelile, angejiona amedanganywa. Halafu kuna wingi. Watu wawili wenye mashine ya ngoma na kompyuta, wasiohitaji bendi wala mwimbaji, wanaweza kumaliza nyimbo nyingi sana kwa mwaka, na hakuna duka litakalopokea santuri mpya ya msanii mmoja kila wiki chache. Na kuna mikataba: lebo, yaani kampuni inayotoa muziki, ikishalifunga jina moja, jina jipya linaweza kumfungulia mtayarishaji mlango kwingine. Kwangu mimi sababu nzito kuliko zote ni ya kisanii. Wimbo usio na jina kubwa nyuma yake unasikilizwa kwa masikio tu. Ukiwa mbaya, haupigwi.

Hawakuwa peke yao Uholanzi. Klubbheads, watatu walioingia kumi bora ya Uingereza mwaka 1996 kwa "Klubbhopping", ndio haohao waliojiita Itty Bitty Boozy Woozy, kisha Drunkenmunky.

Utaratibu huu ulianza kulegea pale DJ mwenyewe alipogeuka nyota. Tiësto, Mholanzi mwingine, alipopiga muziki kwenye ufunguzi wa Olimpiki ya Athens mwaka 2004, ilikuwa wazi kwamba sasa watu wanakuja kumtazama mtu. Tamasha linataka jina moja kubwa kwenye bango. Huduma za kusikiliza muziki mtandaoni nazo humpa kila msanii ukurasa wake, na anayegawanya kazi yake kwa majina kumi anagawanya pia wasikilizaji wake. Ter Horst na Steenkist walikaza kwenye Chocolate Puma, wakatoa nyimbo kupitia lebo kama Spinnin' na Musical Freedom ya Tiësto, kwa mdundo mpana wa majukwaa makubwa.

Hasara ya majina mengi inawaangukia wasanii wenyewe. Ukitafuta Chocolate Puma leo, huenda usiletewe kabisa "Give It Up", na miaka yao ya mwanzo inaonekana kama ya watu wengine. Kwa hiyo anayetaka kuwafuatilia asiishie kwenye jina kubwa la juu. Atazame maandishi madogo, palipoandikwa watunzi na watayarishaji, kwa sababu jina la mradi hubadilika lakini malipo ya mtunzi yanahitaji jina halisi. Hapo ndipo Jark Prongo, Riva na The Good Men wanapokutana: ter Horst, Steenkist.