Magofu ya Maruhubi si machimbo ya mawe

Tangu skuli zifungwe, malalamiko kuhusu Maruhubi, magofu ya kasri la Sultani nje ya mji wa Unguja, yameongezeka. Wapo waliozuiwa kupiga picha za harusi, wakakasirika. Wapo wanaotulaumu sisi tunaoyatunza magofu kwa kuwaacha watu wapike pale, mafiga yakiegemezwa kwenye nguzo. Wote tutawajibu, lakini kwanza tulimalize moja: kasri hili halikupigwa mizinga na Waingereza.

Mizinga ya tarehe 27 Agosti 1896, katika vita vifupi vya Uingereza na Unguja, iliangukia majumba ya Sultani yaliyoelekea bahari mjini, Beit al-Hukm likiwemo. Maruhubi liliungua mwaka 1899, Sultani akiwa Hamoud bin Mohammed, na vita vile vilikwisha zamani. Tumelisema hili mara nyingi. Bado baadhi ya watembeza wageni wanasimulia mizinga, maana inanoga kuliko moto wa kawaida.

Wafalme wa nchi za baridi walikuwa na majumba ya kukimbilia majira ya theluji. Wa Unguja walikimbia joto na msongamano wa Mji Mkongwe, wakajenga nje ya mji, mkabala na bahari: Mtoni, Chukwani, kisha Maruhubi. Hili la mwisho alilijenga Seyyid Barghash bin Said kati ya 1880 na 1882 kwa ajili ya masuria wake. Hesabu ya masuria 99 ni masimulizi, na tunaomba walimu wasiiandike ubaoni kama sensa. Ghorofa ya juu ilizungukwa na roshani pana ya mbao, na nguzo nene mnazoziona leo ndizo zilizoibeba. Maji yaliletwa kwa mfereji wa kujengwa hadi kwenye birika na hamamu (nyumba ya kuogea), na hamamu ilikuwa na marumaru.

Kasri lilianza kudhoofika kabla ya moto. Barghash alifariki mwaka 1888. Katika miaka minane tu wakapita masultani watatu: Khalifa, Ali na Hamad. Mwaka 1890 Unguja ikawa chini ya himaya ya Uingereza, na mwaka uliofuata hazina ya Sultani ikatenganishwa na ya serikali, naye akawa mtu wa kulipwa posho. Jumba la mbao na chokaa linalopigwa na upepo wa chumvi halingoji posho. Linataka mafundi kila baada ya masika. Mtoni, alikozaliwa Bibi Salme, binti wa Sultani Said, mwaka 1844, nako kulikuwa kumeshahamwa. Moto wa Maruhubi ulikula mbao, roshani ikaanguka. Marumaru ya hamamu hayakuliwa na moto. Yalibebwa na watu.

Hapo ndipo sheria inapoingia, na tunaomba isomwe polepole. Katika eneo la kale lililotangazwa ni kosa kuharibu, kuondoa, kubadilisha au kuchora chochote bila kibali cha maandishi. Kuondoa maana yake ni kuondoa hata jiwe moja, hata lililokwisha kuanguka, hata kama nia ni kuwekea mlango usifunge. Kuchora ni pamoja na majina ya wapenzi, yawe ya makaa, ya rangi au ya msumari. Adhabu ni faini au kifungo. Kusema "sikuona kibao" si utetezi.

Kuhusu moto wa kupikia, wengi hudhani jiwe haliungui. Chokaa ya Unguja inatoka wapi? Tunayachoma matumbawe. Nguzo za Maruhubi ni matumbawe. Tazama chini ya nguzo palipoegemezwa figa: plasta imebanduka, jiwe limepauka, na ukilipitishia kidole unabaki na unga mweupe. Mvua ikinyesha, unga ule unaondoka. Kila sufuria ya pilau inapunguza nguzo.

Wako pia wasamaria wema waliojitolea kuziba nyufa kwa saruji. Tunawashukuru, na tunawaomba wasirudie. Saruji haipitishi unyevu kama chokaa, basi maji na chumvi hubaki ndani na jiwe huoza nyuma ya kiraka kinachong'aa. Ukikibandua, kinaondoka na nusu ya jiwe.

Picha hazijakatazwa. Anayetaka picha za harusi au filamu aandike barua kwa ofisi yetu, si kupiga simu. Simu si maombi. Barua itaje tarehe, saa, idadi ya watu na vifaa vyote: jenereta, taa, hema na droni kila kimoja kwa jina lake, maana "vifaa vya kawaida" hatuvijui. Iwe na sahihi, na nakala apelekewe sheha wa shehia. Siku ya kazi kibali kiwe mkononi, si kwenye simu ya mpiga picha aliyechelewa.

Anayeokota kigae au kipande cha kauri asikiondoe. Amwite mlinzi au sheha. Na kama nyumbani kwenu kuna kipande cha marumaru mlichoambiwa kilitoka Maruhubi, kileteni. Hatutauliza babu alikipataje. Tutakipima, tutakipiga picha, na aliyekileta ataondoka na stakabadhi.