Je, Wajua Kwa Nini Muuza Duka Hakubali Uondoke na Chupa ya Soda?

Ukinunua soda ya kioo kwa Mangi, muuza duka wa mtaani pale Dar es Salaam, una njia mbili: uinywe hapo hapo kwenye benchi, au uache hela ya chupa ndipo uondoke nayo. Ukija na chupa tupu ya kwako hakuna maneno mengi. Ataishika, atapitisha kidole mdomoni mwa chupa kuona kama haijameguka, kisha atakupa iliyojaa. Iliyomeguka haipokei, kwa sababu kizibo hakitabana vizuri na wenye soda watamkatalia. Lakini soda hiyo hiyo ikiwa kwenye plastiki, hakuna anayekuuliza chupa itaishia wapi.

Mangi analinda mtaji wake, maana kreti tupu la chupa 24 ndilo analobadilishia kreti lililojaa. Ila katika usumbufu huo mdogo kuna jibu la ubishi mkubwa: kati ya kioo na plastiki, kipi kinaumiza mazingira zaidi? Wengi watasema plastiki, na hawatasubiri umalize kuuliza. Hesabu zinasema vingine. Chupa ya kioo ikitumika mara moja ikatupwa ni miongoni mwa vifungashio vibaya kabisa. Chupa hiyo hiyo ikirudi kiwandani mara nyingi, inaingia katika kundi la vilivyo bora.

Tuanze inapozaliwa. Kioo hutengenezwa kwa mchanga, mawe ya chokaa na magadi, yale yanayochimbwa kwa ajili ya viwanda kwa zaidi ya karne moja sasa katika Ziwa Magadi, Kajiado, nchini Kenya. Mchanganyiko huo huyeyushwa kwenye tanuri lenye joto la nyuzi 1,500 hivi. Tanuri hilo halizimwi jioni kama jiko. Linawaka usiku na mchana, mwaka baada ya mwaka, maana likipoa kioo kitagandia ndani. Moto wake ni wa gesi au mafuta mazito. Kiwanda cha Kioo Limited cha Dar es Salaam, kwa mfano, kilikuwa miongoni mwa vya kwanza kuunganishwa na gesi asilia ya Songo Songo. Juu ya moshi wa moto, malighafi nazo zinachafua: chokaa na magadi yakipata joto kali huachia hewa ukaa iliyokuwa imefungwa ndani yake. Ndiyo maana kupata tani 1 ya kioo kipya kunahitaji karibu tani 1.2 za malighafi. Kilichopungua kimepaa angani.

Kisha kuna uzito. Chupa ya soda ya kujazwa upya ina gramu 300 na zaidi, wakati ya plastiki ya nusu lita ina gramu 20 na ushei. Kila gramu ibebwe na lori, kwenda na kurudi.

Kuhesabu mambo haya yote kwa pamoja, tangu malighafi zinapochimbwa hadi kifungashio kinapogeuka taka, kunaitwa tathmini ya mzunguko wa maisha ya bidhaa. Na historia yake ilianza na chupa hizi hizi za soda. Mwaka 1969 kampuni ya Coca-Cola iliwapa kazi watafiti wa taasisi ya Midwest Research Institute ya Kansas City, Marekani, walinganishe vifungashio vya vinywaji: nishati inayoliwa, malighafi, na uchafu unaotoka kila hatua. Ripoti kamili haikuwahi kutolewa hadharani, lakini njia yenyewe ilisambaa. Miaka mitano baadaye shirika la serikali ya Marekani la mazingira lilichapisha tathmini ya aina hiyo kuhusu chupa na makopo ya vinywaji, na mwaka 1997 ukatoka mwongozo wa kimataifa, ISO 14040.

Sasa chukua chupa ya soda ya kioo uitazame begani na karibu na kitako. Utaona pete nyeupe iliyochakaa, ukiipapasa inakwaruza. Hiyo ni kumbukumbu ya safari zake. Chupa husuguana kwenye mkanda wa kiwandani na ndani ya kreti, na kila mzunguko unaongeza mkwaruzo. Pete ikiwa pana, ujue umeshika chupa mkongwe. Inayotunzwa vizuri huweza kufikisha safari 20 hadi 50 kabla ya kupasuka au kukataliwa na wakaguzi.

Tufanye hesabu ya haraka. Tuseme chupa ina gramu 350 na imesafiri mara 25. Gawanya, unapata gramu 14 za kioo kwa kila soda. Hapo tayari umefika chini ya uzito wa ile ya plastiki, na kutengeneza gramu moja ya PET, plastiki ya chupa za soda itokanayo na mafuta ya petroli, hutoa hewa ukaa zaidi ya mara mbili ya gramu ya kioo. Lakini chupa ikisafiri mara moja tu, soda moja imebeba gramu 350 nzima. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Manchester walipopima vinywaji vya soda nchini Uingereza mwaka 2013, waliona kioo cha kutumia mara moja ndicho kibaya kuliko vyote; kikitumika tena mara tatu, hewa ukaa yake inakaribiana na ya kopo la alumini na ya chupa ya plastiki ya nusu lita.

Na kuosha je? Kuna gharama, tusifiche. Chupa huloekwa kwenye maji ya moto yenye kostiki soda, kemikali kali ya kusafishia, kwa kawaida nyuzi 60 hadi 80, zikasuuzwa, kisha zikapita mbele ya mwanga zikaguliwe moja moja. Maji yanatumika, kemikali inatumika, na maji machafu lazima yasafishwe kabla ya kumwagwa. Hata hivyo kupasha maji hadi nyuzi 80 hakuwezi kufananishwa na kuyeyusha mchanga kwa nyuzi 1,500.

Hapa ndipo watu wengi huchanganya kutumia tena na kurejeleza. Chupa ikivunjika, vigae vyake vinaweza kurudi tanurini na kuwa chupa mpya, tena bila kikomo, kioo hakichoki. Sifa hiyo ni ya kweli, ila nafuu yake ni ndogo kuliko tunavyodhani. Kila asilimia 10 ya vigae katika mchanganyiko hupunguza nishati ya tanuri kwa asilimia 2.5 hadi 3 tu, kwa sababu bado unayeyusha kioo. Alumini ni habari nyingine kabisa: kopo likirejelezwa huokoa karibu asilimia 95 ya nishati ambayo ingetumika kupata alumini mpya kutoka kwenye udongo wa boksaiti. Kwa hiyo kopo ni la kuyeyusha, chupa ya kioo ni ya kuosha. Plastiki ya PET iko katikati. Kuirejeleza kunaokoa nishati nyingi, lakini chupa nyingi hazirudi kuwa chupa. Husokotwa nyuzi za poliesta, na ikishakuwa shati ni vigumu mno kuirudisha tena nyuma.

Mifuko ya kubebea inafundisha jambo hilo hilo kwa ukali zaidi. Kenya ilipiga marufuku mifuko ya plastiki Agosti 2017, Tanzania bara Juni 2019, na mifuko ya kitambaa ikajaa sokoni. Mamlaka ya mazingira ya Uingereza ilipiga hesabu mwaka 2011 ikaona mfuko wa pamba unapaswa kutumika mara 131 ndipo athari yake kwa hali ya hewa ishuke hadi kulingana na mfuko mwepesi wa plastiki uliotumika mara moja. Pamba inakula maji, mbolea na dawa shambani. Ukiwa na mfuko mmoja ukaenda nao sokoni miaka yote, uko sawa. Ukinunua mwingine kila unapousahau nyumbani, umeharibu.

Wataalamu wa tathmini hizi huangalia kitu kilichoepukwa. Dumu la mafuta ya kula la lita 20 ambalo mama ameliosha akachotea maji lina faida kamili, kwa sababu amenusurika kununua jingine. Chupa ya kioo iliyowekwa kabatini kama pambo haijaepusha kitu. Kiwandani wameshatengeneza nyingine ya kujaza pengo lake.

Ndiyo maana hela ya chupa ina uzito kuliko tangazo lolote la usafi. Ujerumani chupa ya bia ya kujazwa upya ina dhamana ya senti 8 za yuro, na ya plastiki ya kutumia mara moja senti 25, na karibu zote hurudi dukani. Umbali nao una neno: chupa nzito ikisafirishwa mamia ya kilomita inaanza kupoteza faida yake, kwa hiyo mfumo huu hustawi pale kiwanda cha kujazia kinapokuwa karibu na wanywaji.

Liko jambo ambalo hesabu za Ulaya zinaliacha, nalo kwetu ni kubwa: taka zinazozagaa. Utafiti wa serikali ya Denmark wa mwaka 2018 kuhusu mifuko haukuzihesabu kabisa, kwa kuwa kwao ni chache. Matokeo ya aina hiyo hatuwezi kuyabandika kwenye bonde la Jangwani, Dar es Salaam, ambako mvua ikinyesha Mto Msimbazi unashuka na chupa za plastiki hadi baharini. Hapo plastiki ina deni ambalo kipimo cha hewa ukaa hakilioni. Anayeziokota mitaroni anahitaji chupa kama 50 kupata kilo moja ya kuuza, na bei ya kilo ikishuka anaziacha zilipo. Ya kioo yenye dhamana, hata mtoto akiiona njiani ataiokota, kwa sababu moja peke yake ina bei dukani.